Watoto Wanapoogelea Mahali Tunapochota Maji

Wamama, nani kati yenu angeacha mutoto aoge ndani ya mutungi wa maji ya kunywa? Hakuna. Lakini kwa watu wengi wa Goma, Ziwa Kivu ndilo mutungi. Wanachota pale, na pale pale watoto wanaoga na nguo zinafuliwa.

Maji yanaonekana safi, lakini macho hayaoni mikrobi. Mikrobi ya kolera inatoka katika choo cha mugonjwa, na hata cha mutu mwenye kuonekana muzima. Ikiingia ziwani, inaingia pia katika bidoni ya jirani. Mwaka 1994, wakati wakimbizi wengi wa Rwanda walifika Goma, kolera iliua maelfu ya watu kwa majuma machache.

Basi tushike sheria hizi:

1. Mahali pa kuchota pawe mbali na mahali pa kuoga. Wazazi wa kartie wapatane, na watoto waonyeshwe mupaka.

2. Mutoto aende kwanza chooni, kisha aingie majini. Mwenye kuhara asioge ziwani hata kidogo.

3. Maji ya kunywa yatiwe klore na yangoje dakika 30, ao yachemshwe mpaka yatokote.

4. Mutoto asiogelee peke yake. Mukubwa mwenye kujua kuogelea amuangalie, si mutoto mwenzake. Mahali pengi hatua chache tu zinafikisha kwenye kina.

5. Muchunge mazuku katika mabonde ya pembeni ya ziwa. Ni hewa nzito isiyo na rangi, inalala chini, kimo cha mutoto, na inaua. Ukiona wanyama wadogo wamekufa pale, watoto wasikaribie.

Mutoto akizama, usiruke majini kama hujui kuogelea. Ita watu, umutupie bidoni tupu yenye kufungwa vizuri. Inaelea, naye ataishika. Akitolewa bila kupumua, mumupulizie hewa kinywani palepale, mutu mwingine akitafuta musaada.

Na akihara maji meupe kama maji ya muchele, usingoje asubuhi. Kolera inaweza kuua kwa masaa machache. Chukua lita 1 ya maji safi, vijiko vidogo 6 vya sukari na nusu ya kijiko kidogo cha chumvi. Munyweshe kidogo kidogo, hata njiani, mpaka mufike hospitali. Mutoto wa ziwa (mwenye kunyonya) aendelee kunyonya.