Je, Wajua? Nusu na Robo Hazifanyi Thuluthi

Sukari inayoyeyuka njiani

Ukikosea kujumlisha sehemu, sukari hupungua badala ya kuongezeka! Mtoto wa Mtongwe katumwa nusu kilo, kisha akarudishwa dukani kuongeza robo. Akijumlisha juu kwa juu na chini kwa chini, 1/2 na 1/4 zitampa 2/6, yaani thuluthi: pungufu ya ile nusu aliyokuwa nayo mkononi. Mwenye duka hakosei hivyo. Kwake nusu ni robo mbili, ukiongeza moja ni robo tatu, na mfuko ushafungwa. Kule kuigeuza nusu kuwa robo ndiko vitabu vya Tanzania hukuita kutafuta KDS, kigawe kidogo cha shirika. Watoto wetu wa Likoni wanakujua kwa jina la LCM.

Kisaga na kibaba

Pishi moja ni vibaba vinne, na vibaba viwili vina jina lao wenyewe: kisaga. Basi bibi aliyepima kisaga cha mchele akaongeza kibaba, kafanya 1/2 + 1/4 ya pishi bila chaki wala ubao.

Spana iliyo katikati

Kwenye spana za inchi, 9/16 ni kubwa kuliko 1/2 lakini ndogo kuliko 5/8. Ukizitazama hivyo zinachanganya kichwa, hasa ukiwa mwanagenzi gereji ya Changamwe na fundi anakupigia kelele kutoka chini ya lori. Zigeuze zote ziwe za kumi na sita: 8, 9, 10. Zimejipanga kama watoto kwenye mstari wa uji.

Mirathi iliyozidi mali

Hii ndiyo ninayoipenda kuliko zote. Tuseme mzee wa Kisauni amefariki, kaacha mjane, mabinti wawili, baba na mama. Kwa sheria ya Kiislamu mjane ana thumni (1/8), mabinti wana thuluthi mbili (2/3), baba sudusi (1/6) na mama sudusi. Namba ndogo kabisa inayogawika kwa 8, 3 na 6 ni 24. Kata mali mafungu 24: mjane 3, mabinti 16, baba 4, mama 4. Hesabu tena. Ni 27! Mafungu matatu yanadaiwa na hayapo.

Dawa yake inaitwa aul: mali inakatwa mafungu 27 badala ya 24, na kila mtu anabaki na idadi yake ya mafungu, ila fungu lenyewe limepungua kidogo. Inasimuliwa kwamba Imam Ali aliulizwa swali hili akiwa juu ya mimbari, akajibu papo hapo kwamba thumni ya mjane imekuwa tusui, kisha akaendelea na hotuba. Na kweli, 3/27 ni 1/9. Ndiyo maana masala haya yanaitwa Mimbariya. (Wanazuoni wa Kishia hawaifuati aul, wana njia yao.)

Hesabu za namna hii si za vitabuni tu: Katiba ya Kenya ya 2010, ibara ya 170, inazipa mahakama za kadhi kazi ya kuamua mirathi ya Waislamu.

Sumuni si nusu

Sumuni ilikuwa senti 50, nusu ya shilingi, lakini jina lake maana yake ni moja ya nane. Ni mabaki ya enzi za riale: sumuni ilikuwa sehemu yake ya nane. Shilingi ikaja, riale ikaenda, jina likabaki mfukoni.

Saa inajua LCM

Nusu, thuluthi, robo, humusi na sudusi ya saa zote ni dakika kamili: 30, 20, 15, 12 na 10. Wababeli wa kale walihesabu kwa 60, nasi bado tunawafuata. Ukingoja feri Likoni thuluthi ya saa, kisha ukaketi kwenye matatu robo saa (siku ya bahati), umetumia dakika 35, yaani 7/12, wala hukushika kalamu.

Mikate ya Misri, na ya ajabu zaidi

Papirasi ya Rhind, iliyoandikwa Misri yapata mwaka 1550 KK, inagawa mikate 7 kwa watu 10: kila mmoja apate 2/3 na 1/30. Jumlisha uone, ni 7/10 barabara.

Sasa jaribu hili. Chukua mkate mzima, ongeza nusu, ongeza thuluthi, robo, humusi, uendelee vivyo hivyo. Kupita mikate 10 utahitaji vipande 12,367, ukihesabu na ule mzima. Na tangu uweke ile nusu, jumla haitakuwa tena namba kamili hata mara moja, uendelee mpaka kesho.