Chama cha Wenye Kupanga Saa



Mwaka uliopita nilikosa kazi juu ya saa moja tu. Haikuwa mvua, haikuwa pikipiki kuharibika njiani. Shirika moja liliniandikia kwamba mahojiano yatafanyika kwa intaneti, saa nne ya asubuhi. Ofisi yao iko Kampala. Mimi hapa Mudzipela nikanunua mega tangu jana yake, nikavaa shati ya kupigwa pasi, na saa nne kamili nikafungua kompyuta. Hakukuwa mtu. Nikaandika, wakanijibu kwa upole kwamba waliningoja nusu saa, kisha wakaita mwingine. Saa nne yao ilikuwa saa tatu yangu.

Wengi kati yetu tunapenda zile filme na riwaya zenye chama cha siri, mafundi wanaochunguza muda, wanausukuma mbele, wanaurudisha nyuma. Tangu siku ile, mimi nasema chama hicho kiko. Hakina siri yoyote, kina ofisi na mikutano, na kazi yake inafika mpaka kwenye simu yako.

Tuanze na hesabu, ni nyepesi. Dunia inazunguka digri 360 kwa masaa 24, ndiyo kusema digri 15 kwa kila saa. Bunia iko karibu na digri 30 mashariki ya Greenwich. Gawanya 30 kwa 15, unapata 2, na kweli saa yetu inatangulia ile ya Greenwich kwa masaa 2. Kinshasa iko karibu na digri 15, wao wako na saa 1. Kwa hiyo sisi wa Congo, pamoja na matatizo yetu yote, saa zetu kwa miji hii mbili zinafuata jua vizuri sana. Lakini Kampala iko kwenye digri 32 na nusu. Jua lingewapa masaa 2 na dakika 10. Wao wanatumia 3. Ndiyo maana kule, saa ikionyesha sita ya mchana, jua bado halijafika katikati. Linafika karibu dakika 50 baadaye. Ukivuka mpaka kule Mahagi unapoteza saa nzima, na jua halikuruka hata hatua moja. Ni ofisi iliyoamua.

Na ofisi zinaweza kuamua mambo ya ajabu. Wakati wa ukoloni wa Waingereza, kwa miaka mingi Kenya ilitangulia Greenwich kwa masaa 2 na dakika 45. Dakika 45! Kisha wakaziacha, wakachukua 3 kamili.

Ukitaka kuhakikisha mambo ya jua, simika mti ulionyooka katika kiwanja chenu na uangalie kivuli. Mimi nilitumia mpini wa jembe (munajua, mtu wa agronomia hakosi jembe). Saa ya kivuli kifupi kabisa haikai palepale mwaka mzima: mwezi wa pili inakuja karibu robo saa baada ya saa sita, mwezi wa kumi na moja karibu robo saa mbele yake, juu mwendo wa dunia kuzunguka jua hauko sawa siku zote. Lakini haiendi mbali. Na ile desturi yetu ya Kiswahili ya kuhesabu saa moja baada ya jua kutoka, inawezekana juu tuko karibu na ikweta. Huku mchana ni karibu masaa 12 mwaka mzima. Mtu wa Ulaya akijaribu kuhesabu hivyo, saa moja yake itatembea kila mwezi.

Sasa chama chenyewe. Mwezi wa kumi 1884, wajumbe wa nchi 25 walikutana Washington, wakachagua mstari wa Greenwich kuwa mwanzo wa hesabu. Kutoka Afrika, Liberia peke yake ilikuwa na mjumbe. Mwezi uliofuata ukafunguliwa mkutano wa Berlin, ule tunaoujua wote.

Leo ofisi kubwa ya vipimo iko Sèvres, karibu na Paris. Inakusanya hesabu za mamia ya saa za atomu kutoka maabara za nchi nyingi, inatoa saa moja ya dunia, ile inayoitwa UTC. Na wanaichezea kweli: tangu 1972 wameongeza sekunde 27, moja moja, juu dunia haizunguki kwa kipimo sawa na zile saa za atomu. Ya mwisho iliwekwa usiku wa tarehe 31 mwezi wa kumi na mbili 2016. Mafundi wa kompyuta walilalamika sana, juu sekunde moja ya ziada inaweza kuangusha mitambo, na 2022 wakubwa wa vipimo wakakubaliana kubadilisha mpango huo kabla 2035 haijapita. Hapo tu wako watu wanaokaa mezani kuzungumza juu ya urefu wa siku yako.

Kwa wanaotafuta bourse na kazi: tarehe ya mwisho ikiandikwa 23:59 UTC, hapa Bunia ni 1:59 usiku, siku imekwisha kugeuka. Ikiwa 23:59 ya Kinshasa, kwetu ni 0:59. Lakini ikiwa ya Kampala au Nairobi, hapa ni 22:59, na ndiyo inayoua watu. Karibu na mpaka, angalia pia simu: ikishika rezo ya ng'ambo inaweza kujigeuza yenyewe bila kukuambia.

Juma lijalo niko na mahojiano mengine, ya Nairobi. Barua inasema 11:00. Nimewarudishia swali moja tu, saa 11:00 ya wapi, na ninangoja jibu.