MJAFARI WA DODOMA NA MCHUNGWA WA VISIWANI NI UKOO MMOJA

Mkaazi wa Unguja au Pemba afikaye Dodoma, mji ulioko takriban mita 1,100 juu ya usawa wa bahari, huona nchi kavu yenye vichaka vya miba, wala hatarajii kukuta humo jamaa wa michungwa yake. Hata hivyo jamaa huyo yupo, naye ni mjafari. Shina lake lina vinundu vigumu vyenye ncha ya mwiba, na jani lake likifikichwa hutoa harufu kama ya limau. Jani hilo likielekezwa kwenye mwangaza, huonekana vitone vidogo vya mafuta. Vitone hivyo ni alama ya ukoo ambao wataalamu wanauita Rutaceae.

Mwaka 1896 mtaalamu wa Kijerumani, Adolf Engler, aliugawa ukoo huo hasa kwa kutazama tunda. Tunda la mjafari ni kavu, nalo hupasuka na kuonesha mbegu nyeusi ing'aayo. La mchungwa lina nyama na maji. Uchunguzi wa chembe za urithi uliotolewa mwaka 2021 uliugawa upya katika koo ndogo sita, na miti hiyo miwili imewekwa mbalimbali.

Michungwa yenyewe nayo ilileta ubishi. Swingle wa Marekani, mwaka 1943, alihesabu spishi 16. Tanaka wa Japani alihesabu 162. Sababu ni kwamba miti hiyo huchanganyika mbegu kwa wepesi: chungwa na danzi yote mawili yametokana na furungu na chenza.

Elimu hii ina manufaa kwa mkulima. Upo ugonjwa unaogeuza majani ya michungwa kuwa manjano na kudumaza matunda, na mti ulioupata hauponi. Huenezwa na wadudu wadogo wafyonzao utomvu, ambao huzaliana pia juu ya baadhi ya jamaa wa mchungwa, wa mwituni na wa bustanini, ukiwemo mmea wa majani ya kukolezea mchuzi. Mwaka 2016 watafiti walitangaza kuwa wadudu wa namna hiyo wenye asili ya Asia wameonekana Morogoro.

Kwa hiyo wananchi wanashauriwa kutovusha kutoka Bara mche, kikonyo wala majani mabichi ya mmea wowote wa ukoo huu kabla ya kuwaonesha wakaguzi wa mimea. Mche mmoja unaoonekana mzima waweza kuangamiza shamba zima.