Renesmee: Jina moja, nyanya wawili

MAJINA wanayopewa watoto siku hizi yana mengi ya kumshughulisha mwanaisimu. Ukiambiwa mtu anaitwa Juma, Masika au Mashaka, huhitaji kamusi. Siku, msimu au hali aliyozaliwa nayo inajieleza. Lakini sasa mzazi anakutajia jina, unamwomba alirudie, kisha unajikuta ukiuliza, "Hilo nalo lina maana gani?" Katika makala haya ninanuia kulichambua jina moja la aina hiyo, Renesmee, kwa kuwa linatuonyesha jinsi majina mapya yanavyoundwa na mahali maana yake inapokaa.

Jina hili lilibuniwa na mwandishi Mmarekani, Stephenie Meyer, katika riwaya yake *Breaking Dawn* ya mwaka 2008, ambayo baadaye ilitengenezewa filamu. Katika hadithi hiyo, binti aitwaye Bella anaolewa na Edward, ambaye si binadamu wa kawaida bali ni mnyonya damu. Wanapojaliwa mtoto wa kike, Bella analiunganisha jina la mamake mzazi, Renée, na la mama mlezi wa mumewe, Esme. Hapo ndipo anapozaliwa Renesmee. Hakuishia hapo. Jina la pili la mtoto, Carlie, limetokana na Carlisle, baba mlezi wa Edward, na Charlie, babake Bella. Yaani nyanya wawili na babu wawili wamekaa ndani ya majina mawili ya mtoto mmoja!

Mbinu hii wanaisimu wa Kiswahili huiita uhulutishaji, kutokana na kitenzi hulutisha, chenye maana ya kuchanganya. Maneno mawili hukatwa, kisha vipande vyake vikaunganishwa kuwa neno moja. Si mbinu ngeni kwetu. Chakula cha jioni kimetupa chajio, na chakula cha mchana kikatupa chamcha. Hata jina la jirani yetu limeundwa hivyo hivyo. Tanganyika na Zanzibar ziliungana Aprili 26, 1964, na kufikia mwishoni mwa Oktoba mwaka huo nchi mpya ikawa inaitwa Tanzania: Tan, Zan na kimalizio -ia.

Hata hivyo, uhulutishaji hautendi haki sawa kila mara. Tazama Renesmee. Sauti ya mwisho ya Rene na ya kwanza ya Esme ni e, kwa hiyo majina hayo yanashikana mkono mahali hapo na hakuna linalopoteza mwili wake. Ukilisikiliza vizuri, utawasikia nyanya wote wawili. Sasa tazama Carlie. Car- imetoka kwa Carlisle na -lie kwa Charlie, lakini kwa msikilizaji wa Kiingereza, Carlie linakaribiana mno na Charlie. Babu mmoja anasikika, mwingine amemezwa. Kumbe kabla ya kuhulutisha, mzazi anafaa kujiuliza: ni nani atakayesikika, na ni nani atakayebaki karatasini tu?

Tuje kwenye maana. Renée ni jina la Kifaransa lenye asili ya Kilatini, na maana yake ni aliyezaliwa upya. Ni ndugu wa Renata na Renatus, majina ambayo Wakatoliki wengi wa Afrika Mashariki wanayafahamu. Esme nalo limetokana na kitenzi cha Kifaransa cha kale cha kuthamini au kupenda. Ajabu ni kwamba mmoja wa watu mashuhuri wa kale waliolibeba alikuwa mwanamume: Esmé Stewart, aliyezaliwa Ufaransa mwaka 1542 akaja kuwa Duke wa Lennox, Uskoti. Leo aghalabu ni jina la wanawake.

Basi mtu atajumlisha haraka na kusema Renesmee ni "mpendwa aliyezaliwa upya". Jumla hiyo inapendeza, ila siikubali. Bella hakuchagua Kilatini wala Kifaransa, alichagua watu. Maana ya jina lililohulutishwa ni uhusiano unaoungwa, si jumla ya asili za vipande vyake. Zanzibar huhusishwa na maneno ya Kiajemi yenye maana ya pwani ya watu weusi. Ni nani, akisikia Tanzania, huanza kuitafuta pwani hiyo ndani yake? Anachosikia ni muungano.

Hapa ndipo jina hili la kubuni linapogusa jambo letu sisi. Jamii kadhaa nchini huwapa watoto majina ya babu na nyanya zao. Miongoni mwa Wakikuyu, mvulana wa kwanza huitwa jina la babu mzaa baba na wa pili la babu mzaa mama. Wasichana nao hufuata mpango uo huo kwa upande wa nyanya. Huo ni utaratibu wa zamu, na zamu huhitaji watoto. Ili wazee wote wanne wapate wajina, sharti pawe na wavulana wawili na wasichana wawili angalau. Mwaka 1989, utafiti wa kitaifa wa demografia na afya ulionyesha kwamba mwanamke wa Kenya angezaa wastani wa watoto 6.7. Katika utafiti wa 2022, idadi hiyo ilikuwa 3.4. Foleni ni ile ile, nafasi zimepungua. Mwenye binti mmoja afanyeje? Amwite nani, amwache nani, na atawatazama vipi wakwe?

Uhulutishaji unatoa jibu moja, ingawa nalo lina maswali yake. Vipande haviwezi kutangulia vyote. Bella alimweka mamake mbele. Angefuata mpangilio wa Wakikuyu, mama mkwe ndiye angeanza. Tena kuna suala la wajina, au somo kama wengine wasemavyo. Je, Renée ni wajina wa Renesmee? Palipo na desturi ya nyanya kumwona mjukuu kama nafsi yake iliyorudi, nusu ya jina inatosha? Kwa maoni yangu, inatosha iwapo nyanya mwenyewe anajisikia ndani yake anapolitamka. Asipojisikia, heshima iliyokusudiwa haijamfikia.

Isitoshe, jina likishatoka mdomoni mwa mzazi, si lake peke yake. Katika riwaya hiyo hiyo, rafiki wa Bella analikata jina na kumwita mtoto Nessie. Bella anapandwa na hasira, kwani hilo ndilo jina la utani la dude linalosimuliwa kuishi katika ziwa Loch Ness kule Uskoti. Huku kwetu nako, karani ataandika Renesme, mwalimu aandike Renesmi, na cheti cha kuzaliwa kikakosa kuafikiana na cha shule. Anayehangaika kurekebisha ni mtoto.

Sisemi wazazi waache kubuni. Vanessa pia lilihulutishwa na mwandishi wa Ireland, Jonathan Swift, kutokana na jina la rafiki yake, Esther Vanhomrigh. Lilikuwa geni katika karne ya 18. Leo ukikutana na Vanessa, humuulizi maana. Rai yangu ni kwamba kabla ya kuliandikisha jina, litamkeni mbele ya wazee ambao sauti zao mmezikopa. Kisha mweleze mtoto, mapema, ni nani na nani wanaoishi ndani ya jina lake. Jina la namna hii halijielezi kama Masika, na maelezo hayo yakipotea, kitakachobaki ni sauti tu.