Kasa Jikoni

Mwezi wa Machi 2024, katika Kisiwa Panza huko Pemba, watoto 8 na mtu mzima mmoja walifariki baada ya kula nyama ya kasa, na watu 78 wakalazwa hospitali. Mtu mzima huyo alikuwa mama wa mmoja wa watoto waliofariki. Huko huko Pemba, Novemba 2021, watu 7 walikuwa wamekwisha kufa kwa sababu hiyo hiyo.

Sumu hii haitokani na uchafu wa jikoni wala nyama iliyolala. Inadhaniwa kasa huipata katika vile anavyokula baharini, na moto hauiondoi hata ukichemsha kutwa. Haina dawa yake maalumu; tabibu hutuliza dalili tu. Watoto ndio huumia zaidi, na imeshuhudiwa kwamba hata mtoto anyonyaye aweza kudhurika kwa maziwa ya mama aliyekula. Si kila kasa mwenye sumu, na mpishi hawezi kumtambua kwa macho. Ndipo hadaa ilipo: mtu amekula mara kumi, hakupatwa na lolote, akawaita majirani waje nao.

Kwetu Kenya, mwenye kumpika kasa ana jambo la pili la kuhofia. Wengi wetu hudhani Sheria ya Uhifadhi na Usimamizi wa Wanyamapori ya mwaka 2013 ni ya wawindaji wa ndovu na vifaru huko bara. La, kasa naye yumo. Ilipotungwa, makosa yahusuyo wanyama walio hatarini kutoweka yaliwekewa faini isiyopungua shilingi milioni 20 au kifungo cha maisha. Vifungu vya adhabu vimerekebishwa baadaye, lakini havikuwa vyepesi. Tena kosa si kuua peke yake. Kuwa na nyara bila ya kibali nako ni kosa, hata kama hukuvua wewe. Gamba la ng'amba ukutani, bangili iliyochongwa humo, hata ile chupa ya mafuta ya kasa ambayo baadhi ya bibi zetu huiweka kwa ajili ya kifua na viungo, vyote vyaweza kumfikisha mtu mahakamani. Kusema "nimepewa" si kibali.

Ukali huu una sababu. Kasa huchukua miaka ishirini, thelathini, au zaidi kabla ya kuanza kutaga. Jike hupanda ufuoni usiku, akafukia mayai yapatayo mia, akarudi zake baharini asiyaone tena. Mayai hukaa mchangani kiasi cha miezi miwili, na joto la mchanga ndilo liamualo kama watoto watakuwa majike au madume. Inakadiriwa kuwa katika elfu moja wanaoanguliwa, pengine mmoja tu ndiye afikiaye utu uzima. Ukimuua jike mmoja aliyejaa mayai, umekata kazi ya miaka thelathini kwa chakula cha siku moja.

Wavuvi wa Watamu wana mwendo wao. Kasa akinasa wavuni hupiga simu kwa wahifadhi wa hapo, ambao wameifanya kazi hii tangu miaka ya 1990. Hao huja wakamtazama, wakamtibu akiwa ameumia, kisha wakamrejesha majini. Mvuvi hupewa chochote kwa muda wake na hasara ya nyavu.

Na ile chupa ya kabatini? Usiiuze, wala usimpe jirani.