Mwandishi aliyecheza mwanamke asiyesema

BINTI akisema anataka kuandika na kuigiza, wazazi wengi, hata hapa Buhembe, humuuliza: “Utakula nini?” Tumtazame Profesa Amandina Lihamba.

Sanaa hiyohiyo ndiyo iliyomfikisha kwenye uprofesa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Ameandika tamthilia, ikiwamo Hawala ya Fedha (1980), iliyotokana na kisa cha Sembène Ousmane wa Senegal. Katika filamu ya Maangamizi (2001), ambayo Tanzania iliipeleka kuwania tuzo ya Oscar, alicheza Samehe, mgonjwa aliyenyamaza kwa miaka mingi hospitalini.

Nje ya filamu alifanya kinyume chake. Mwaka 1996, yeye na Profesa Penina Mlama walianzisha Tuseme, mpango unaowawezesha wasichana wa sekondari kueleza matatizo yao, kama mimba na unyanyasaji, kwa maigizo, nyimbo na mijadala. Baadaye ulienea nchi nyingine za Afrika.

Mzazi, anza nyumbani. Jioni moja mwombe mwanao atunge igizo fupi kuhusu jambo linalomsumbua shuleni. Usimkatize, usimkaripie. Asiloweza kukwambia ana kwa ana, huenda mhusika wake akalisema.