Starta na betri ya gari lako: Kwa nini bei yake inaamuliwa mbali na Ruhuwiko

Gari likigoma kuwaka asubuhi pale Ruhuwiko, kitu cha kwanza utakachoambiwa ni ucheki betri. Cha pili ni starta. Cha tatu ni bei, na hapo ndipo mfuko unapoanza kulia.

Wengi humalizia hasira kwa muuza duka. Lakini ukweli ni kwamba starta, altaneta, plagi na koili zinazouzwa Songea hazitengenezwi hapa nchini kwa kiasi cha kulisha soko. Zinaagizwa nje. Zikibadilika huko zinakotoka, wewe unasikia hapa.

Kwa ufupi

- Spea hufuata gari. Magari yaliyoingia nchini miaka iliyopita ndiyo yanayoamua spea zinazoagizwa leo.
- Spea mpya za bei nafuu zinatoka zaidi China. Mitumba inatoka Japani na Falme za Kiarabu.
- Dola, kodi na zaidi ya kilometa 900 za barabara kutoka Dar es Salaam vyote vimo ndani ya bei unayotajiwa.

Spea za umeme ni zipi hasa?

Kwa fundi, jibu ni rahisi: chochote chenye waya. Kwa watu wa forodha, mambo ni tofauti kidogo.

Duniani kote bidhaa zinazovuka mipaka hupewa namba, kwa mfumo ulioanza kutumika 1988. Betri zipo kwenye 8507. Plagi, koili, starta na altaneta zipo 8511. Taa, honi na waipa zipo 8512. Balbu zipo 8539, na nyaya zilizofungwa pamoja kwa ajili ya gari zipo chini ya 8544.

Kwa hiyo ukitafuta takwimu moja ya "spea za umeme wa magari", huipati kwenye kapu moja. Zimetawanyika. Hata kwenye ripoti za kila mwezi za Benki Kuu ya Tanzania, vipuri vya magari vinaunganishwa na vipuri vya vitu vingine.

Lakini namba hizo si mapambo. Ndizo zinazoamua mzigo utozwe ushuru kiasi gani. Tutarudi hapo.

Spea hufuata gari

Gari huingia bandarini mara moja. Spea zake huingia kila mwezi, kwa miaka na miaka.

Ndiyo maana ukitaka kujua spea gani zitauzwa sana kesho, angalia magari yaliyojaa barabarani leo. Songea, kama miji mingine ya Tanzania, imejaa Toyota zilizotumika Japani: IST, Vitz, Passo, Noah na nyinginezo.

Kwa nini Japani? Kwanza wanaendesha upande wa kushoto wa barabara kama sisi, kwa hiyo usukani uko kulia. Pili, sheria yao inalazimisha gari likaguliwe kila baada ya miaka miwili, baada ya ile mitatu ya mwanzo. Ukaguzi una gharama. Wengi huona bora wauze, na gari linapanda meli.

Hapa nyumbani, Tanzania haijapiga marufuku gari kwa sababu ya umri. Kinachofanyika ni kulitoza ushuru wa ziada wa uchakavu likizidi miaka 8. Jirani zetu Kenya wao hawaruhusu kabisa gari lililotumika la zaidi ya miaka 8. Matokeo yake ni kwamba kwetu magari mengi huingia yakiwa yamekula chumvi. Starta iliyozunguka miaka 12 Japani haihitaji muda mrefu kuchoka ikifika Ruvuma.

Kuna jambo lingine ambalo wengi hawalioni: magari yenyewe yamekuwa na umeme mwingi zaidi. Corolla nyingi za mwanzoni mwa miaka ya 1990 zilikuwa na distribyuta moja iliyogawa moto kwa plagi zote. IST yenye injini ya 1NZ ina plagi 4, na kila plagi ina koili yake. Ongeza sensa, rilei na kompyuta ya gari. Pale palipokuwa na kifaa kimoja cha kuharibika, sasa vipo vinne au zaidi.

Hii ndiyo sababu kubwa ya kwanza ya spea hizi kuongezeka kwenye makontena: magari yameongezeka, yamezeeka, na kila moja limebeba vifaa vingi vya umeme kuliko lile la zamani.

Sokoni kuna madaraja matatu

Ukiingia dukani leo kuuliza altaneta, kwa kawaida utapewa machaguo matatu.

La kwanza ni OG, yaani spea mpya ya kampuni inayotengeneza kwa ajili ya kiwanda cha gari, kama Denso au Hitachi. Bei yake imesimama, na si kila duka linayo.

La pili ni mtumba. Hii imetolewa kwenye gari lililokatwa vipande, ama Japani au kwenye masoko makubwa ya spea za mitumba ya Sharjah, kule Falme za Kiarabu. Mafundi wengi wanaipenda kwa sababu ni kifaa halisi. Tatizo ni kwamba hujui imetembea kilometa ngapi.

La tatu ni mpya ya bei nafuu, na hapa ndipo China ilipotawala. China ndiyo nchi inayoongoza kwa kutuuzia bidhaa kwa ujumla, na kwenye spea unaiona wazi rafuni. Viwanda vyake vinatengeneza ubora wa kila aina, kulingana na bei anayotaka mwagizaji. Kwa hiyo kusema "spea za China ni mbovu" si sahihi. Zipo zinazodumu na zipo za kukutoa jasho. Swali ni mwagizaji aliagiza za bei gani.

Bodaboda na malori nayo yamo

Usifikiri ni magari madogo tu. Tangu kanuni za 2010 zilipozitambua bodaboda na bajaji kama usafiri wa kukodi, pikipiki zimekuwa mteja mkubwa wa spea za umeme. Boxer na TVS asili yake ni India. Haojue na SanLG ni za China. Ndiyo maana plagi, koili na betri ndogo za pikipiki kutoka nchi hizo mbili zinapatikana hata kwenye maduka madogo ya mtaani.

Kwa upande wa malori, Ruvuma ina hadithi yake. Baada ya vita ya Ukraine kuanza 2022, mahitaji ya makaa ya mawe yalipanda duniani, na makaa ya Ngaka, wilayani Mbinga, yakaanza kusafirishwa kwa wingi kwenda bandari ya Mtwara. Malori hayo yanapita Songea. Lori kubwa linatumia volti 24, yaani betri mbili za volti 12 zilizounganishwa, na starta yake si ya IST. Mji wenye malori mengi unahitaji spea zake pia.

Hesabu ya dola na kodi

Sasa tuje kwenye pesa. Mwagizaji hununua kwa dola, wewe unalipa kwa shilingi.

Kwa miaka kadhaa hadi 2022, dola moja ilizunguka kwenye shilingi 2,300. Mwaka 2023 dola zikawa adimu, na kufikia katikati ya 2024 bei yake ilikuwa inakaribia 2,700.

Chukua mfano wa starta ambayo mpaka inafika bandarini, pamoja na nauli ya meli na bima, imegharimu dola 40. Tuseme ushuru wa forodha ni asilimia 10, kisha VAT ya asilimia 18 juu yake.

- Dola ikiwa 2,300: starta inatoka bandarini ikiwa imefika takriban shilingi 119,000.
- Dola ikiwa 2,700: starta ile ile inafika takriban shilingi 140,000.

Hiyo ni tofauti ya karibu shilingi 21,000, kabla ya tozo nyingine ndogo, na kabla ya muuza duka yeyote kuweka faida yake.

Namba za forodha zinaingiaje hapo? Ushuru wa pamoja wa Jumuiya ya Afrika Mashariki una ngazi nne: asilimia 0, 10, 25, na 35 iliyoongezwa Julai 2022. Kwa kawaida malighafi na mitambo hukaa chini, bidhaa za kati hukaa kwenye 10, na bidhaa zilizokamilika hukaa kwenye 25. Starta yetu ya dola 40 ikiwekwa kwenye ngazi ya 25 badala ya 10, kwa dola ya 2,300 inafika karibu shilingi 136,000. Kifaa ni kile kile, kilichobadilika ni ngazi.

Mwishoni mwa 2024 shilingi ilipata nguvu, dola ikashuka hadi karibu 2,400. Je, bei za spea zilipaswa kushuka siku hiyo hiyo? Hapana. Mzigo uliopo rafuni ulinunuliwa kwa dola ya zamani, na mwenye duka hataki kuuza kwa hasara. Bei hupanda haraka kwa sababu muuzaji anawaza pesa ya kununua mzigo ujao. Hushuka polepole kwa sababu anamaliza kwanza mzigo uliopita.

Kutoka Kariakoo hadi Ruhuwiko

Uwanja wa ndege wa Songea uko hapo hapo Ruhuwiko, lakini starta yako haishukii hapo. Makontena ya spea yanashukia bandari ya Dar es Salaam, mzigo unaingia kwenye maduka ya jumla ya Kariakoo na Gerezani, halafu unapanda lori au buti la basi kupitia Morogoro, Iringa, Makambako na Njombe.

Kila anayeishika njiani ana chake: mwagizaji, muuza jumla, msafirishaji na muuza rejareja. Ndiyo maana Songea ikitikiswa na jambo la Kariakoo si ajabu. Wafanyabiashara wa soko hilo walipofunga maduka Mei 2023 na tena Juni 2024 kwa malalamiko ya kodi, mlango mkubwa wa mizigo ya mikoani ndio uliofungwa.

Umbali una madhara mengine pia. Muuza duka wa mji wa mbali hawezi kuweka kila aina ya spea, maana mtaji wake utalala. Anaweka zinazotoka haraka: za IST, Noah na bodaboda. Ukiwa na gari lisilo la kawaida, utasubiri iagizwe, na ikija siyo yenyewe, unaanza upya.

Feki zinapenyea wapi?

Pale penye pengo kubwa kati ya bei ya OG na uwezo wa mnunuzi, feki hupata njia. Plagi ni mfano mzuri: ni ndogo, boksi lake ni rahisi kuiga, na majina kama NGK yanaigwa sehemu nyingi duniani.

Tofautisha hapa. Spea ya bei nafuu yenye jina lake mwenyewe si feki. Feki ni ile iliyovaa jina la mwingine. Hiyo ni kosa chini ya Sheria ya Alama za Bidhaa ya 1963, na Tume ya Ushindani, FCC, ndiyo inayoshughulika nayo. Ubora na viwango ni kazi ya TBS.

Kabla hujalipa, fanya haya

Pima kwanza. Watu wengi hununua betri kumbe tatizo ni altaneta. Multimita inatosha. Betri nzima iliyojaa, injini ikiwa imezimwa, husoma karibu volti 12.6. Injini ikiunguruma, inapaswa kusoma kati ya 13.5 na 14.5. Ikibaki 12 na kitu, betri haichajiwi, na hata ukinunua mpya italala tu.

Kumbuka baridi. Asubuhi za Juni na Julai hapa Songea betri iliyochoka hujulikana. Kabla ya kuilaumu starta, jaribu kuliwasha gari kwa kushtua na betri ya jirani. Likiwaka haraka, starta haina kesi.

Uliza kama inatengenezeka. Starta nyingi hufa kwa sababu ya kaboni, bushi au solenoidi. Altaneta nyingi hufa kwa kaboni au dayodi. Vifaa hivi vidogo navyo vinaagizwa nje, lakini gharama yake ni sehemu ndogo tu ya kifaa kizima. Fundi umeme mzuri anaweza kukuokolea pesa nyingi.

Nenda na kifaa cha zamani. Starta za gari la jina moja zinaweza kutofautiana meno au matundu ya bolti. Linganisha namba iliyoandikwa juu yake, au uwe na namba ya chesisi.

Uliza daraja, kisha dai risiti. Ni OG, mtumba au mpya ya kawaida? Mwambie aandike, pamoja na siku za kurudisha. Risiti ya EFD ndiyo ushahidi wako kifaa kikifa kabla ya wiki kuisha.

Betri chakavu usiitupe. Ndani yake kuna risasi na asidi, na vyote ni sumu kwa udongo na kwa watoto. Usimwage maji yake shimoni. Irudishe dukani au iuze kwa mnunuzi wa chakavu mwenye kibali, maana risasi hiyo huyeyushwa na kutumika tena.

Bei ya dola hutaiamua wewe, wala ngazi ya ushuru. Lakini kujua kama kilichokufa ni betri ya gari zima au kaboni mbili tu ndani ya starta, hilo unaweza kulijua leo kwa multimita ya fundi, kabla hujatoa hata shilingi.